Maswali ya Wasomaji: Howard Hawks na Filamu Aliyoipiga Tanganyika

Katika toleo lililopita tulimjibu msomaji wa Singida, kwa sentensi moja tu, kwamba filamu ya Hatari! iliyotoka mwaka 1962 ilitayarishwa na kuongozwa na Mmarekani Howard Hawks, na kwamba sehemu zake za porini zilipigwa hapa kwetu wakati nchi ikiitwa Tanganyika. Sentensi hiyo imetuletea barua nyingi kuliko tulivyotarajia, hasa kutoka Dodoma na wilaya zake. Tumechagua maswali yanayohusu maisha na kazi za Hawks, na yale yaliyofanana tumeyaunganisha.

Mimi ni mstaafu, naishi Kondoa. Kabla ya Uhuru, nikiwa kijana mdogo, madereva wa malori waliotoka Arusha walisimulia kuwa kuna Wazungu wanaokimbiza vifaru kwa magari huku wenzao wakiwapiga picha. Wengi tulidhani ni porojo. Je, ndiyo filamu hiyo? Na ni kweli wachezaji wenyewe ndio waliowakamata wanyama?

Shikamoo, mzee wetu. Mwishoni mwa mwaka 1960 na miezi ya mwanzo ya 1961, Hawks na kikosi chake walikuwa kaskazini mwa Tanganyika, kuzunguka Arusha na Momella chini ya Mlima Meru, kwa hiyo huenda madereva hao hawakuwa wakiwatania. Barabara Kuu ya Kaskazini ilipita Kondoa kama inavyopita leo, na habari nyingi za Arusha ziliwafikia watu wa huko kwa malori kabla hazijafika kwa magazeti.

Kuhusu wachezaji kukamata wanyama, jibu ni ndiyo kwa sehemu kubwa. Hadithi yenyewe inahusu kikundi cha watu wanaokamata wanyamapori wakiwa hai kwa ajili ya bustani za wanyama za ng'ambo, kazi ambayo wakati ule ilikuwa halali na yenye soko. Hawks alimchukua Willy de Beer, mkamataji halisi wa wanyama, awe mshauri wa ufundi, kisha akamkalisha John Wayne, mmoja wa nyota wakubwa wa sinema za Marekani, katika kiti kilichofungwa juu ya madigadi ya mbele ya gari, mkononi akiwa na ufito mrefu wenye kitanzi cha kamba kwenye ncha. Aliyekaa pale hana mlango wala kioo cha kumkinga. Gari la pili humsukumia mnyama upande wake, dereva hulinganisha mwendo na wa mnyama juu ya mashimo na vichuguu, na kitanzi kinapoingia shingoni ufito huachwa, kamba hukaza, na watu huruka chini kumdhibiti kabla hajajinyonga au kumjeruhi mtu. Twiga na pundamilia unaowaona wakikamatwa hivyo katika filamu walikamatwa kweli, na watu wanaorushwa huku na huko na gari ni wachezaji unaowatambua kwa sura.

Ukibahatika kuiona tena, tazama kwa makini tukio la kifaru karibu na mwisho. Mnyama anakamatwa, anachomoka kwenye kamba, na wanaume wale wanalazimika kuanza upya, wakikimbia kwa namna ambayo hakuna mwigizaji anayeweza kuigiza. Kuchomoka huko hakukuwamo katika mswada. Hawks aliziacha kamera ziendelee, kisha akakiweka kipande chote ndani ya filamu kama kilivyotokea. Mswada, ulioandikwa na Leigh Brackett, mwanamke aliyeshirikiana naye kwa miaka mingi, ulirekebishwa kadiri wanyama walivyopatikana, maana huwezi kumpangia kifaru saa ya kufika kazini. Mpigapicha wake, Russell Harlan, alipendekezwa kupata tuzo ya Oscar kwa kazi hiyo.

Kwa maoni yangu, filamu hiyo yenye dakika 157 ni ndefu kupita kiasi. Mapenzi na mizaha ya kambini inachosha, lakini kila gari linapowashwa mtu hukaa sawa kitini. Nikutahadharishe pia kwamba Hawks alikuwa hodari wa kusimulia habari zake mwenyewe, na mengi aliyowaambia wahoji uzeeni watafiti wa baadaye waliyakuta yamenenepeshwa. Kwa sababu hiyo nimejitahidi kukueleza zaidi yale yanayoonekana katika picha kuliko yale aliyoyasimulia yeye.

Mimi ni mwalimu wa sekondari Mpwapwa. Hawks alisomea wapi sinema?

Hakuisomea, Mwalimu. Alizaliwa tarehe 30 Mei 1896 katika mji wa Goshen, jimbo la Indiana, katika familia yenye mali iliyotokana na viwanda vya karatasi, na familia hiyo ikahamia California wakati sinema nayo ilipokuwa ikianza kujijenga huko. Alisomea uhandisi wa mitambo katika Chuo Kikuu cha Cornell, na akiwa bado mwanafunzi alifanya kibarua studio, akishughulikia vifaa vinavyotumika katika upigaji picha. Wakati wa Vita Kuu ya Kwanza alifundisha urubani jeshini, na alipenda pia mashindano ya magari. Filamu yake ya kwanza kama mwongozaji ilitoka mwaka 1926, enzi za sinema bila sauti.

Ndege zilimpa hadithi, na zilimwachia msiba pia. Mdogo wake Kenneth, ambaye naye alikuwa mwongozaji, alifariki tarehe 2 Januari 1930 pamoja na watu wengine tisa, pale ndege mbili zilizokuwa zikitumika kupigia filamu zilipogongana juu ya Bahari ya Pasifiki. Katika mwaka huohuo Hawks alitoa filamu ya marubani wa vita, na mwaka 1939 akatoa nyingine kuhusu marubani wa barua katika milima ya Amerika Kusini, ambamo mwenzao anakufa na jioni hiyohiyo wanakaa mezani kula kwa sababu kesho kuna safari nyingine. Watu wa namna hiyo, wanaopimana kwa jinsi kila mmoja anavyoijua kazi yake, ndio waliojaza filamu zake hadi mwisho, na wakamataji wanyama wa Tanganyika ni ndugu zao kabisa.

Nasoma Chuo Kikuu cha Dodoma na nina ndoto ya kuingia Bongo Movie. Mmeandika kwamba Hawks alikuwa "mtayarishaji na mwongozaji". Kwetu mtu hufanya kazi zote mbili kwa sababu hana fedha ya kumlipa mwingine. Je, naye ilikuwa hivyo?

Fedha ilikuwapo tele. Alichokosa ni kauli ya mwisho. Mtayarishaji ndiye anayetafuta mtaji, kununua hadithi, kuajiri watu na kuamua filamu itoke lini na ikiwa na urefu gani. Mwongozaji ndiye anayewaelekeza wachezaji na kamera. Katika studio kubwa za Hollywood za miaka ya 1930, mwongozaji alikuwa mwajiriwa tu, na mtayarishaji akikasirika angeweza kumwondoa kazini filamu ikiwa nusu.

Yalimkuta Hawks. Mwaka 1936, alipokuwa akifanya kazi kwa mtayarishaji Samuel Goldwyn, alikuwa na mazoea ya kuandika upya mazungumzo palepale kwenye eneo la kupigia picha. Goldwyn, aliyeheshimu mno maandishi aliyoyalipia, hakulipenda jambo hilo, na filamu ikamaliziwa na William Wyler. Kwa bilionea Howard Hughes mambo yalikwenda kwa sura mbili. Mwanzoni walipatana, wakatengeneza filamu ya majambazi wa Chicago iitwayo Scarface, ambayo wakaguzi wa maadili waliikalia hadi ikatoka mwaka 1932 ikiwa imeongezewa vipande ambavyo Hawks hakuviongoza. Baadaye walianza filamu nyingine pamoja, Hawks akaondoka mapema, na Hughes akaimalizia mwenyewe.

Baada ya hayo alianza kudai nafasi ya mtayarishaji katika filamu zake mwenyewe, na akashirikiana na wengine kuanzisha kampuni iliyoitwa Monterey Productions. Kazi yake kubwa ilikuwa Red River, filamu ya wachunga ng'ombe iliyopigwa mwaka 1946. Gharama zilivuka makadirio, kisha Hughes yuleyule akalalamika kwamba mwisho wa filamu umefanana na mwisho wa filamu yake, na kwa sababu hizo haikuonyeshwa hadi mwaka 1948. Watazamaji waliipenda sana, lakini kujitegemea kulimgharimu Hawks zaidi ya alivyokadiria.

Wewe unayetaka kuingia kazini, usiangalie ushindi wake peke yake. Mwaka 1955 alitoa filamu kuhusu mafarao, aliyokwenda kuipiga Misri akiwa na maelfu ya watu wa kujaza picha, na mmoja wa waandishi wake alikuwa William Faulkner, mshindi wa Tuzo ya Nobel. Ilianguka vibaya. Yeye ndiye aliyekuwa mtayarishaji na mwongozaji, kwa hiyo hapakuwa na wa kumtupia lawama, na akakaa miaka kadhaa bila kutoa filamu hadi aliporudi mwaka 1959 na Rio Bravo. Ni mafanikio ya filamu hiyo yaliyofanya studio ya Paramount iwe tayari kumwamini kwa safari ya gharama kubwa ya Tanganyika, ambako mswada haujakamilika na wahusika wakuu wana pembe.

Jambo lingine litakalokuvutia ni filamu ya mwaka 1951 kuhusu kiumbe kutoka sayari nyingine kinachoibuka katika barafu ya kaskazini ya dunia. Hawks alikuwa mtayarishaji tu. Jina la mwongozaji ni la Christian Nyby, aliyekuwa mhariri wake. Hata hivyo, mazungumzo, mwendo na utani wa wahusika vimefanana mno na vya Hawks, kiasi kwamba wapenzi wa sinema bado wanabishana ni nani hasa aliyekuwa akitoa amri siku hadi siku. Mimi nimekaa upande wa wanaosema ni Hawks, ingawa nakiri kwamba mwanafunzi mzuri hufanana na mwalimu wake.

Mimi ni mfugaji wa Kongwa. Kijana wangu ameniwekea filamu kadhaa kwenye simu. Kama nataka kuanza na moja ya Hawks, ipi itanifaa?

Anza na hiyohiyo Red River niliyoitaja hapo juu, na baada ya kuitazama utakuwa na hukumu bora kuliko yangu. John Wayne ni mfugaji aliyejenga kundi la maelfu ya ng'ombe huko Texas, lakini vita vimeua soko la kwao, na hakuna njia ila kuwaswaga kwa miguu mamia ya maili hadi penye reli na wanunuzi. Kijana aliyemlea, anayechezwa na Montgomery Clift, yuko naye. Mzee anakuwa mkali zaidi kila siku, anawatendea wachungaji wake kwa ukatili, na mwishowe kijana anamnyang'anya kundi.

Kuna usiku mmoja ambao naamini utausogeza nyuma uutazame tena. Ng'ombe wamelala lakini hawajatulia. Wachungaji wanaongea kwa sauti ya chini, na mmoja anawaimbia wanyama wapoe. Kambini yupo mtu mwenye tamaa ya sukari, mwenye tabia ya kuchovya kidole katika akiba ya mpishi. Anafika kwenye gari la chakula gizani, anapapasa, na masufuria yanaporomoka. Kelele hiyo inatosha. Kundi zima linainuka na kukimbia, na kabla halijatulia kijana mmoja aliyekuwa akizungumza juu ya zawadi atakayompelekea mkewe amekwisha kukanyagwa. Hawks hakutumia radi wala simba. Alitumia masufuria, na mtu yeyote aliyewahi kulaza mifugo njiani akielekea mnada wa Msalato anajua kwamba hivyo ndivyo inavyotokea.

Tazama pia asubuhi ya safari. Kamera inazunguka taratibu juu ya kundi lililotulia alfajiri, kisha mzee anatoa amri, na nyuso za wachungaji zinafuatana moja baada ya moja, kila mmoja akipiga ukelele wake huku farasi wakianza kusogea. Hakuna maelezo yoyote. Hawks alizoea kusema kwamba filamu nzuri ni ile yenye matukio makubwa matatu na isiyo na tukio baya hata moja, na hapo anakuwa ametimiza la kwanza.

Nimeiona Hatari! kwenye kompyuta ya kaka yangu, hapa Nkuhungu. Mbona wahusika wakuu wote si Waafrika wakati nchi ni yetu? Na yule dada mpiga picha, mbona kazi yake ni kuogesha ndama wa tembo tu?

Umeona sawasawa, dada. Wakamataji wanachezwa na Mmarekani, Mjerumani, Mfaransa na wengine wa ng'ambo. Waafrika wanaendesha magari, wanashika kamba, wanabeba, na hadithi haiwapi nafasi ya kusema mambo yao. Filamu ilipigwa miezi michache kabla ya Uhuru wa tarehe 9 Desemba 1961 na ikatoka nchi ikiwa huru, lakini hakuna dalili yoyote ndani yake kwamba jambo kubwa lilikuwa likitokea nje ya kambi. Hawks aliiona Tanganyika kama uwanja mzuri wa kazi ya kikundi chake. Kwa wakati wake hilo lilikuwa la kawaida, na kwa mtazamaji wa Nkuhungu wa leo lina haki ya kuudhi.

Kuhusu Elsa Martinelli, katika hadithi yeye ni mpiga picha aliyetumwa na bustani ya wanyama ya Basel huko Uswisi, lakini ndama watatu wa tembo wanaishia kumfuata kila aendako, naye anaitwa Mama Tembo. Hapo Hawks hakujitendea haki mwenyewe, kwa sababu wanawake wa filamu zake za awali walikuwa na makali zaidi. Mwaka 1940, katika His Girl Friday, alichukua tamthilia maarufu kuhusu mhariri wa gazeti na mwandishi wake, wote wanaume, akamgeuza mwandishi kuwa mwanamke anayechezwa na Rosalind Russell. Hakuna mwanamume humo anayemshinda kwa akili wala kwa ulimi.

Watu katika filamu hiyo wanaongea kwa kasi na wanaingiliana maneno kama wauzaji wa Soko la Majengo mvua inapotaka kunyesha, na bado hukosi neno la maana. Ufundi wake ni huu: sentensi ziliandikwa zikiwa na maneno ya ziada mwanzoni na mwishoni, hivyo mzungumzaji mwingine anapodandia, kinachofunikwa ni yale maneno yasiyo na uzito na kiini kinabaki katikati kikisikika. Baadaye, mwaka 1944, katika To Have and Have Not, alimtambulisha Lauren Bacall, msichana wa miaka 19 ambaye mke wa Hawks alikuwa amemwona kwenye jalada la gazeti la mitindo, na akampa nafasi ya kumjibu Humphrey Bogart bila kupepesa macho. Ukipata mbili hizo, zitazame kabla hujatoa hukumu ya mwisho.

Sisi ni kikundi cha ngoma Chamwino. Tunasikia kuna ala za Afrika Mashariki katika muziki wa filamu hiyo. Ni kweli?

Ni kweli. Hawks alirudi Marekani na ala kadhaa za huku, zikiwamo vibuyu na ala ya kupigwa kwa vidole gumba ya ukoo mmoja na ilimba yenu, akamkabidhi mtunzi Henry Mancini. Msitegemee kusikia mkono wa fundi kama marehemu Hukwe Zawose. Ala hizo zilipigwa na wanamuziki wa Hollywood na zimechanganywa na bendi yao. Midundo inasikika vizuri zaidi wanyama wanapokimbizwa. Wimbo uliovuma dunia nzima, ule wa ndama wa tembo wakielekea majini, ni wa Kimarekani kabisa, na Mancini aliutunga baada ya kuonyeshwa kipande hicho cha picha.

Je, Hawks alishinda Oscar? (Msomaji, Manyoni)

Alipendekezwa mara moja tu kama mwongozaji bora, kwa Sergeant York ya mwaka 1941, akashindwa na John Ford. Miaka mingi Marekani ilimhesabu kuwa fundi wa burudani na kuishia hapo; ni wahakiki vijana wa Ufaransa, hasa Jacques Rivette katika makala yake ya mwaka 1953, waliotangulia kumwita msanii mkubwa. Oscar ya heshima alipewa mwaka 1975, alipokuwa na miaka 78. Filamu yake ya mwisho ilikuwa imetoka mwaka 1970. Alifariki Palm Springs, California, tarehe 26 Desemba 1977.

Tunaishi Area C, Dodoma, na tunapanga safari ya familia wakati wa likizo. Je, mtu anaweza kufika mahali filamu ilipopigwa?

Anaweza bila shida. Mnapita Kondoa na Babati hadi Arusha, mwendo wa zaidi ya kilomita 400, barabara ya lami. Kutoka Arusha mnashika barabara ya Moshi, mnakata kushoto Usa River na kuingia Hifadhi ya Taifa ya Arusha, ambako Momella na maziwa yake yapo upande wa kaskazini. Hardy Krüger, yule mchezaji Mjerumani, alipapenda hata akanunua shamba huko baada ya filamu na kuishi hapo hadi miaka ya 1970, na majengo ya enzi hizo sasa ni sehemu ya hoteli ya watalii. Twiga mtawaona kwa wingi, na flamingo kwenye maziwa kwa msimu wake. Kifaru msimtafute huko. Kwa huyo itabidi mwendelee hadi Ngorongoro, na mwondoke Arusha mapema ili muwahi kushuka bonde asubuhi.